Gari Langu Limezuiliwa: Maswali ya Wasomaji na Majibu ya Wakili

Tangu safu hii ilipogusia mali inayozuiliwa na vyombo vya Serikali, wasomaji wametuandikia kuhusu magari kuliko kitu kingine chochote. Tumechagua barua chache, tukaondoa majina na mahali, na kumpa wakili wetu azijibu. Majibu yanahusu sheria za Kenya.

SWALI: Bwana Wakili, ninalo lori ninalolikodisha kwa wasafirishaji wa mizigo. Dereva wangu alikamatwa akiwa amepakia magogo bila kibali, akashtakiwa pamoja na mwenye magogo. Mimi sikushtakiwa. Lori limekaa katika kituo cha polisi tangu siku hiyo, na kila nikifuatilia naambiwa kwamba ni kielelezo cha kesi, hivyo nisubiri hukumu. Kesi yenyewe huahirishwa kila inapotajwa, na benki inaendelea kudai marejesho ya mkopo. Je, sina la kufanya ila kusubiri? (Mwenye lori)

JIBU: Ulichoambiwa kituoni ni nusu ya sheria, na nusu iliyoachwa ndiyo inayokufaa wewe. Kifungu cha 121 cha Sheria ya Mwenendo wa Mashtaka ya Jinai (Sura ya 75) kinaeleza kwamba kitu kilichokamatwa katika upekuzi na kufikishwa mbele ya mahakama kinaweza kuzuiliwa hadi kesi au uchunguzi ukamilike, mradi kitunzwe kwa uangalifu unaostahili. Kifungu cha 177 nacho, kinachohusu mali aliyokutwa nayo mshtakiwa alipokamatwa, kinairuhusu mahakama kuamuru mali hiyo arudishiwe yule anayeonekana kuwa na haki nayo. Katika vifungu vyote viwili uamuzi ni wa mahakama. Mkuu wa kituo ni mtunzaji tu. Hawezi kukukabidhi lori kwa hiari yake baada ya kesi kufunguliwa, na kwa sababu hiyo hiyo hawezi kuamua kwa niaba ya hakimu kwamba halitoki. Punguza safari za kituoni, nenda mahakamani.

Ombi lako lipelekwe katika mahakama ile ile inayosikiliza kesi ya dereva, likiwa na hati ya kiapo uliyoiapa wewe mwenyewe, na nakala ikabidhiwe upande wa mashtaka ili upate nafasi ya kujibu. Si lazima uwe mshtakiwa ndipo usikilizwe. Inatosha kuwa mtu mwenye maslahi katika mali hiyo. Ambatisha nakala ya hati ya usajili wa gari, ambayo wengi wetu tunaiita logbuku, rekodi ya sasa ya umiliki kutoka Mamlaka ya Kitaifa ya Uchukuzi na Usalama (NTSA), mkataba wa kukodisha kama upo, hati ya mashtaka, na nambari ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha kituo, siku lori lilipopokewa. Kwa kuwa umetaja mkopo, yaelekea jina la benki limo katika hati ya usajili pamoja na lako. Ishirikishe benki tangu mwanzo, kwa maana hakimu atasita kumkabidhi mmiliki mmoja gari la watu wawili ilhali mwenzake hajasema neno.

Sasa tuje kwenye kiini cha ombi, mahali ambapo maombi mengi huanguka. Waombaji hujaza kurasa kwa kueleza hasara wanayopata: mkopo, karo ya watoto, matairi yanayoharibika juani. Mambo hayo yana uzito wake, lakini upande wa mashtaka hautajisumbua kuyapinga. Utasema tu kwamba gari linahitajika kama ushahidi, na ikiwa hukuijibu hoja hiyo, ombi limekwisha. Jiulize basi lori lako linathibitisha nini katika kesi ile. Kosa linalodaiwa ni kusafirisha magogo bila kibali. Ushahidi wake ni magogo yenyewe, ukosefu wa kibali, maelezo ya maafisa waliolisimamisha gari, na ukweli kwamba magogo yalikuwa juu ya lori lenye nambari fulani za usajili. Jambo hilo la mwisho laweza kuthibitishwa kwa picha zilizoandaliwa na afisa aliyeidhinishwa, ambazo kifungu cha 78 cha Sheria ya Ushahidi (Sura ya 80) kinaruhusu zipokewe mahakamani pamoja na cheti chake, na kwa ripoti ya ukaguzi inayoonyesha nambari za chesisi na injini. Hakuna hakimu atakayehitaji kulizunguka lori uwanjani ili aamue kama kibali kilikuwepo. Hali ingekuwa tofauti kama lori lingekuwa limetengenezewa sehemu ya siri ya kufichia mihadarati, au kama nambari za chesisi zingedaiwa kukwanguliwa. Hapo gari lenyewe ndilo ushahidi mkuu, na mahakama ina sababu nzuri ya kulizuia, angalau hadi wataalamu wamalize kulichunguza.

Jitolee kutimiza masharti kabla hujaulizwa. Yaliyozoeleka ni kwamba gari lisiuzwe wala umiliki wake kuhamishwa, lisibadilishwe rangi wala umbo, liletwe mahakamani kila litakapohitajika, na mwenyewe aweke dhamana inayokaribiana na thamani yake. Mwaka 2002 Mahakama ya Juu ya India ilieleza kwamba hakuna faida ya kuyaweka magari yaliyokamatwa katika vituo vya polisi kwa muda mrefu, ikaelekeza mahakama za chini zitoe amri zinazofaa mapema, zikitegemea picha, dhamana na ahadi ya mwenye gari kulileta likihitajika. Uamuzi huo haufungi mahakama zetu, lakini hoja yake inapita mipaka, na wakili wako ana uhuru wa kuitumia.

Usisahau pia kwamba lori laweza kuachiliwa leo na kutaifishwa mwisho wa kesi. Sheria ya misitu ya mwaka 2016 inairuhusu mahakama, ikimtia mtu hatiani, kuamuru chombo kilichotumika katika kosa kitwaliwe na Serikali. Ulinzi wako umo katika kifungu cha 389A cha Sura ya 75, kinachotumika pale ambapo sheria husika inaruhusu kutaifisha bila kulazimisha, wala haikuweka utaratibu wake yenyewe. Chini ya kifungu hicho, mahakama isiporidhika kwamba mali ni ya mtu aliyetiwa hatiani, ni lazima itoe ilani ili mwenye mali aje aeleze kwa nini isitwaliwe. Ikibainika kwamba mwenye mali hana hatia, kwamba hakujua wala hangeweza kujua hata kwa uangalifu unaofaa kwamba mali yake ingetumika hivyo, na kwamba alifanya bidii inayostahili kuzuia matumizi hayo, mahakama haitaitaifisha. Tazama sharti hilo la mwisho. Kusema kwamba ulimwamini dereva hakutoshi. Onyesha mkataba unaokataza mizigo isiyo na vibali, daftari la safari, kumbukumbu za kifaa cha kufuatilia gari, au barua uliyowahi kumwandikia dereva kumwonya. Nasema haya nikijua kwamba wenye malori wengi huajiri kwa mdomo na kulipwa kwa simu. Anayefanya kazi hivyo atakuwa na wakati mgumu kizimbani hata kama moyoni mwake hana kosa.

Hakimu akilikataa ombi, unaweza kuiomba Mahakama Kuu iitishe jalada na kupitia usahihi wa amri hiyo chini ya vifungu vya 362 na 364 vya Sura ya 75. Jambo moja la kujiepusha nalo katika hatua zote hizi ni kumtetea dereva. Ukianza kubishana kwamba magogo yalikuwa na kibali, umejiingiza katika kesi ambayo hukushtakiwa.

SWALI: Gari langu la mizigo lilikamatwa usiku na maafisa wa forodha likiwa na sukari inayodaiwa kuingizwa nchini bila kulipiwa ushuru. Sikuwepo, na aliyekuwa akiliendesha alikimbia. Nimekaa nikisubiri kuitwa mahakamani, lakini rafiki ananiambia kwamba muda wangu unapita. Ni muda gani huo, ilhali hakuna kesi? (Mfanyabiashara)

JIBU: Rafiki yako amekuambia kweli, na nakusihi uisome barua hii leo, si mwisho wa mwezi. Uko chini ya Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004, ambayo mpangilio wake unakwenda kinyume na ule wa kesi za kawaida za jinai. Katika kesi ya jinai Serikali ndiyo inayopaswa kuanza; katika forodha, ukinyamaza, mali inakwenda yenyewe. Kifungu cha 211 kinasema kwamba gari lililotumika kubeba bidhaa zinazostahili kutaifishwa nalo linastahili kutaifishwa. Kifungu cha 214 kinamtaka afisa, iwapo mwenye mali hakuwepo wakati wa kukamatwa, ampe ilani ya maandishi yenye sababu ndani ya mwezi mmoja, isipokuwa kama mtu ameshtakiwa au kosa limemalizwa kwa makubaliano ndani ya kipindi hicho. Mwenye mali naye ana mwezi mmoja wa kumwandikia Kamishna wa Forodha akidai gari lake, ukihesabiwa tangu tarehe ya ilani au, kama ilani haikutolewa, tangu siku ya kukamatwa. Mwezi huo ukipita bila dai, gari linahesabiwa kuwa limekwisha kutaifishwa, na hakuna hakimu aliyeliona wala kulisikia.

Andika dai lako kwa maneno machache: jina lako kamili na anwani, maelezo ya gari, mahali na tarehe ya kukamatwa, na tamko kwamba unalidai kama mmiliki. Lipeleke mwenyewe na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Likishapokewa, kifungu cha 216 kinampa Kamishna miezi miwili ya kuchagua: ama akutake wewe ufungue shauri la kulirudisha gari, ama yeye mwenyewe afungue shauri la kulitaifisha. Akikutupia mpira wewe, una miezi miwili ya kufungua shauri, na ukichelewa gari limekwenda. Sambamba na hayo, mtu aliyeathiriwa na uamuzi wa afisa wa forodha anaweza kuomba Kamishna aupitie upya ndani ya siku 30, na asiporidhika akate rufaa katika baraza la rufaa za kodi ndani ya siku 45 tangu apate jibu.

Utasikia pia kuhusu njia ya mkato ya kumaliza kosa kwa makubaliano chini ya kifungu cha 219. Ipo, ni halali, na kwa mwenye kosa la kweli huenda ikawa nafuu kuliko miaka ya kesi. Lakini Kamishna hawezi kuitumia mpaka mhusika akiri kosa kwa maandishi na kuomba limalizwe hivyo, na kifungu hicho hicho kinamruhusu kuamuru kitu kilichokamatwa kitaifishwe hata baada ya faini kulipwa. Nimeona watu wakiweka saini wakidhani ni fomu ya kuchukulia gari. Kama hukufanya kosa, usikiri ili upate gari. Na kama unakusudia kukiri, hakikisha kwanza kwa maandishi nini kitatokea kwa gari lenyewe.

Kosa la mwisho linaloonekana mara nyingi ni la mwenye gari kukimbilia kwa hakimu na ombi chini ya Sura ya 75, akaridhika kwamba amechukua hatua, huku mwezi wa kudai kwa Kamishna ukimalizika. Peleka dai kwanza, mengine yafuate.

SWALI: Nilinunua gari, nikalipa pesa zote, ila sikuwahi kuhamisha umiliki. Sasa limezuiliwa na polisi kwa sababu ya jirani niliyemwazima. Je, naweza kuomba liachiliwe kwa jina langu? (Mama wa watoto watatu)

JIBU: Unaweza, Mama, lakini utaanza ukiwa nyuma hatua moja. Kifungu cha 8 cha Sheria ya Trafiki (Sura ya 403) kinamhesabu aliyesajiliwa kuwa ndiye mwenye gari mpaka ithibitishwe vinginevyo. Huo uthibitisho ndio kazi yako: mkataba wa mauziano, ushahidi wa malipo, na hati ya kiapo ya aliyekuuzia akikubali kwamba alikuuzia. Mtafute huyo kabla ya kumtafuta wakili. Sheria hiyo hiyo haikuruhusu kulitumia gari barabarani zaidi ya siku 14 baada ya mauziano bila kusajiliwa upya, hivyo usishangae upande wa mashtaka ukilitaja jambo hilo. Ni kosa, lakini halikunyimi haki ya umiliki.

SWALI: Polisi walilichukua gari langu barabarani wakisema wanachunguza. Miezi imepita, hakuna aliyeshtakiwa, na afisa anayechunguza amehamishwa. Nitaombaje gari mahakamani wakati hakuna kesi ya kuombea? (Kijana wa teksi)

JIBU: Kwanza, fahamu kwamba kulisimamisha na kulizuia gari lako huenda kulikuwa halali. Kifungu cha 26 cha Sura ya 75 kinampa polisi uwezo wa kusimamisha, kupekua na kuzuia gari anapokuwa na sababu ya kushuku kwamba lina mali iliyoibwa au kupatikana kinyume cha sheria. Swali ni kama uhalali wa siku ile ya kwanza unaweza kunyooshwa hadi leo. Katiba inawataka polisi wamfikishe mtu aliyekamatwa mahakamani ndani ya saa 24, lakini haikuweka saa kama hizo kwa gari, na pengo hilo ndilo linalojaza viwanja vya vituo vya polisi.

Usisubiri kesi izaliwe. Anza na barua kwa mkuu wa kituo na nakala kwa mkuu wa upelelezi wa eneo, ukiuliza mambo matatu tu: gari linazuiliwa kwa sheria gani, linahusishwa na kosa gani, na uchunguzi umefikia wapi. Kifungu cha 47 cha Katiba kinakupa haki ya hatua za kiutawala zilizo za haraka, halali na za haki, na ya kupewa sababu kwa maandishi pale haki yako inapoathiriwa. Barua isiyojibiwa si kazi bure, kwa kuwa itakuwa kiambatisho chako cha kwanza mahakamani. Baada ya hapo fungua ombi la jinai la kujitegemea katika mahakama ya hakimu ya eneo hilo, ambalo kwa kawaida hupewa nambari yake bila kuhitaji kesi nyingine, ukiomba polisi waelezwe waonyeshe sababu ya kuendelea kulizuia gari, na wakishindwa liachiliwe. Kama mambo ni mazito zaidi, kwa mfano gari limeharibiwa au kuna dalili za uonevu, unaweza kufungua ombi la kikatiba katika Mahakama Kuu ukitegemea Kifungu cha 40 kinacholinda haki ya kumiliki mali. Ukumbuke tu kwamba ulinzi huo hauifikii mali iliyothibitika kupatikana kinyume cha sheria.

Hakikisha pia kwamba gari halikuwekewa amri usiyoijua. Wakala wa Kurejesha Mali, chini ya sheria ya mwaka 2009 dhidi ya utakatishaji wa fedha haramu, anaweza kupata amri ya kuhifadhi mali bila wewe kuwepo mahakamani. Amri hiyo hutangazwa katika Gazeti Rasmi la Serikali na huisha baada ya siku 90 tangu kutangazwa, isipokuwa kama ombi la kutaifisha mali limewasilishwa. Kama jina au nambari ya gari lako imo humo, hakimu wa kawaida si mahali pako. Jibu katika Mahakama Kuu.

SWALI: Mahakama imeamuru gari letu liachiliwe. Kituoni wanasema hawana maagizo kutoka juu, na tena tulipe ada ya kuegesha kwa muda wote. Betri na redio havimo. Tufanyeje? (Familia yenye subira)

JIBU: Amri ya mahakama ndiyo maagizo, na hakuna ofisi iliyo juu yake isipokuwa mahakama nyingine. Hata hivyo, hakikisheni mmepeleka amri iliyoandikwa rasmi, yenye muhuri na saini, si nukuu mliyoandika mkiwa mahakamani, na kwamba inataja nambari za usajili na za chesisi bila makosa. Herufi moja ikikosewa inampa mkaidi sababu. Mkabidhini mkuu wa kituo kwa jina na cheo chake, mbele ya shahidi, na tarehe ya kupokea iandikwe. Ulizeni pia kama upande wa mashtaka umepata amri ya kusimamisha utekelezaji. Kukata rufaa peke yake hakusimamishi kitu.

Akiendelea kukataa, rudini katika mahakama ile ile na ombi la kumtia hatiani kwa kudharau mahakama. Sheria maalumu ya mwaka 2016 kuhusu kosa hilo ilibatilishwa na Mahakama Kuu mwaka 2018, na wapo maafisa waliodhani kwamba uwezo wenyewe ulikufa nayo. Haukufa: mahakimu wanao chini ya kifungu cha 10 cha Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 2015, na Mahakama Kuu ina wake. Mara nyingi gari hutoka siku moja kabla ya afisa kufika kujieleza. Malalamiko kuhusu mwenendo wa afisa yanaweza pia kupelekwa kwa IPOA, mamlaka huru inayosimamia mwenendo wa polisi, lakini hayo hayachukui nafasi ya ombi la mahakamani.

Kuhusu ada, waombeni waonyeshe sheria inayoiweka na stakabadhi rasmi itakayotolewa. Kama gari lilivutwa hadi yadi ya mtu binafsi, mwenye yadi anaweza kudai kushika gari hadi alipwe, na hapo ni vyema kurudi kwa hakimu aseme ni nani atakayelipa, badala ya kugombana langoni. Wakili makini huliombea jambo hilo tangu mwanzo, ili amri isomeke kwamba gari linaachiliwa bila malipo ya kuegesha.

Na kuhusu betri na redio, msitie saini kwamba mmelipokea gari likiwa katika hali nzuri. Andikeni juu ya fomu hiyo hiyo kila kilichopungua, pigeni picha mkiwa bado ndani ya uwanja, na mlinganishe na orodha iliyoandikwa siku gari lilipoingia; kama orodha haikuandikwa, hilo ni kosa la mtunzaji, si lenu. Ombeni mkaguzi wa magari atoe ripoti kabla hamjalipeleka kwa fundi. Madai ya fidia dhidi ya Serikali kwa uharibifu wa aina hii yanapaswa kufunguliwa ndani ya miezi 12, kwa mujibu wa sheria inayoweka mipaka ya muda kwa mashauri dhidi ya mamlaka za umma (Sura ya 39). Muda huo haungoji kesi ya jinai iishe, hivyo kama gari lilikaa kituoni zaidi ya mwaka, wakili wenu ahesabu tangu uharibifu ulipotokea na ajiandae kueleza ni lini mlipoweza kuujua.